Juri ikishaamua, bado kuna mlango

Pale chuoni Lubumbashi, Kongo (DRC), matokeo ya mtihani yakishabandikwa ukutani utasikia: juri, yaani kikao cha walimu kinachopitisha alama, imeamua, hakuna wa kuigusa. Kuna chembe ya ukweli humo. Hakimu hasahihishi karatasi yako wala hakuongezei alama. Lakini anaweza kuangalia kama utaratibu ulifuatwa, na kukaliwa kimya baada ya kuomba karatasi isahihishwe upya ni suala la utaratibu.

Katiba ya 2006, kifungu cha 27, inampa kila Mkongomani haki ya kuandikia mamlaka ya umma, nayo ijibu ndani ya miezi 3; tena hashitakiwi mtu kwa kuandika. Chuo cha serikali kimo humo. Shida ni kwamba wengi wetu tunalalamikia mlangoni kwa katibu wa fakulte (kitivo), kwa mdomo. Andika barua, nakala mbili, moja irudi na muhuri, tarehe na sahihi ya aliyepokea. Bila hiyo, ucheleweshaji utauthibitisha na nini?

Kimya kikiendelea, sheria ya 15 Oktoba 2016 juu ya mahakama za kiutawala, zinazosikiliza kesi dhidi ya mamlaka ya umma, inakuruhusu kushitaki, mradi ulianza na lalamiko kwa mwenye uamuzi. Ila muda wa fakulte yenyewe kupokea malalamiko huwa mfupi. Usome palepale ukutani.