Muriel Smith: Mwimbaji wa Opera Aliyesikika Bila Kuonekana

Katika utafiti wangu wa waimbaji wa opera waliofanya kazi jukwaani na kwenye filamu, namrudia mara nyingi Muriel Smith, mezosoprano (mwenye sauti ya kike ya kati) Mmarekani mweusi aliyezaliwa New York mwaka 1923, kwa sababu wengi waliowahi kumsikia hawakujua kuwa ni yeye.

Baada ya kusomea uimbaji katika Taasisi ya Curtis, Philadelphia, alipewa nafasi ya mhusika mkuu wa Carmen Jones, mchezo wa nyimbo uliofunguliwa Broadway, mtaa wa majumba ya maigizo New York, Desemba 1943, ambamo mwandishi Oscar Hammerstein aliuchukua muziki wa opera ya Carmen ya mtunzi Mfaransa Bizet na kuutungia hadithi ya Wamarekani weusi. Alipokezana nafasi hiyo na Muriel Rahn, kwani kuiimba kila siku kungeichosha sauti yoyote. Filamu ya Carmen Jones ilipotoka mwaka 1954, uso ulikuwa wa Dorothy Dandridge na sauti ya Marilyn Horne, Smith hakuwamo.

Wakati huo alikwisha kuhamia London, na filamu ya Moulin Rouge ya 1952 ndiyo inayoieleza hali yake vizuri zaidi. Humo anaonekana kwa muda mfupi akiigiza kama Aicha, lakini pia ndiye anayeimba kila mwigizaji Zsa Zsa Gabor anapofumbua kinywa kuimba. Kwa kawaida wimbo hurekodiwa kwanza studioni, kisha rekodi huchezwa wakati wa kupiga picha, naye mwigizaji hufuatisha maneno kwa midomo. Kwa mwimbaji wa opera, aliyefunzwa kuipaza sauti juu ya okestra nzima bila kipaza sauti, kazi hii ni ngumu kuliko inavyodhaniwa: hana budi kuipunguza sauti bila kuipotezea uhai, na kuvuta pumzi mahali ambapo kifua cha mtu mwingine kitaonekana kikipumua. Smith aliimudu kiasi kwamba sauti yake haipwayi hata kidogo mwilini mwa Gabor.

Mwaka 1956 aliimba Carmen yenyewe ya Bizet katika jumba la opera la Covent Garden, London, na kwa maoni yangu hicho ndicho kilele cha kazi yake.

Filamu ya South Pacific ya 1958 inatuzuia kueleza kutoonekana kwake kote kwa rangi ya ngozi peke yake. Juanita Hall, naye mweusi, aliigiza kama Bloody Mary, nafasi aliyoianzisha Broadway, ila Richard Rodgers, mtunzi wa muziki wake, alitaka sauti ya Smith, aliyekuwa ameicheza nafasi hiyohiyo London tangu 1951. Hata hivyo, jina la Giorgio Tozzi, mwimbaji wa sauti nzito ya besi aliyemwimbia mwigizaji Rossano Brazzi, liliandikwa kwenye filamu hiyo, la Smith halikuandikwa. Sababu ya tofauti hiyo sioni kuwa ilikuwa ya kimuziki.

Miaka miwili baadaye Smith alikuwa mhusika mkuu wa filamu ya The Crowning Experience, iliyotokana na maisha ya mwalimu Mary McLeod Bethune, akiigiza na kuimba mwenyewe. Alifariki Richmond, Virginia, mwaka 1985.