Duka la judaika: vitu vitakatifu, vitu vya amri na zawadi

Judaika ni jina la jumla la vitu vinavyotumika katika dini na mila za Kiyahudi: vitabu, mavazi ya sala, vyombo vya meza ya Sabato, taa, mishumaa, na zawadi za harusi au za kijana aliyefikisha miaka 13 na kuanza kuwajibika kwa amri. Katika mitaa yenye Wayahudi wengi wanaoshika dini, kama Borough Park kule Brooklyn, Golders Green jijini London au Mea Shearim mjini Yerusalemu, duka la vitu hivi ni sehemu ya maisha ya kila siku. Watu hupita kununua mishumaa, kuacha kitu kikaguliwe, kuuliza kitabu cha mtoto wa shule.

Mgeni akiingia hukutana na fedha inayong'aa, vioo vya rangi na vitambaa vilivyodariziwa, akadhani yuko kwenye duka la mapambo. Hapo ndipo wengi wanapopotea. Vitu vilivyopangwa kwenye rafu moja havina hadhi moja, na tofauti hiyo imeelezwa katika Talmudi yenyewe, ule mkusanyo mkuu wa mafundisho ya marabi. Viko vyenye utakatifu: gombo la Torati, tefilini (visanduku vya sala vinavyofungwa mwilini), mezuza ya mlangoni, hata mifuko na makasha yanayovihifadhi. Hivyo vikichakaa havitupwi, huwekwa akiba kisha huzikwa. Viko vya kutimizia amri: shofa (pembe ya kupuliza), matamvua ya vazi la sala, tawi la mtende la sikukuu ya Vibanda. Hivyo vikimaliza kazi yake havina lazima ya kuzikwa, ingawa havifanyiwi dharau. Vilivyobaki, kama picha ya Yerusalemu ya kutundika ukutani, ni mapambo tu, hata vikiwa ghali kuliko vyote dukani.

Mezuza inaonyesha jambo hili vizuri zaidi. Wengi wanaijua kama kijisanduku chembamba kinachobandikwa mlangoni, mara nyingi chenye herufi moja ya Kiebrania, shin, kwa nje. Lakini kijisanduku si mezuza. Mezuza ni kipande cha ngozi kilichoviringishwa ndani yake, chenye vifungu viwili kutoka Kumbukumbu la Torati, sura ya 6 na ya 11, ambavyo vyote vina amri ya kuyaandika maneno hayo kwenye miimo ya nyumba. Ni mistari 22, herufi 713, zilizoandikwa kwa mkono na mwandishi aliyesomea kazi hiyo, kwa kalamu ya unyoya au ya tete, juu ya ngozi ya mnyama anayeruhusiwa kuliwa.

Masharti ya uandishi huo ni makali. Herufi huandikwa kwa mfuatano wake. Mwandishi akifika mstari wa kumi na kugundua kuwa aliruka herufi katika mstari wa tatu, hawezi kurudi kuichomeka. Na kama katikati ameshaandika jina la Mungu, haruhusiwi kulifuta ili aanze tena kutoka pale alipokosea, kwa hiyo ngozi nzima imeharibika. Umbo la herufi nalo lina uzito. Mstari wa kwanza una tamko kwamba Bwana ni mmoja, na neno hilo “mmoja” huishia kwa herufi dalet. Dalet ina ncha ndogo inayojitokeza nyuma, kwenye kona yake ya juu. Ncha hiyo ikikosekana, herufi inakuwa resh, na neno linasomeka “mwingine”. Wino kidogo tu, na tamko kuu la imani linageuka kuwa kinyume chake.

Sasa mnunuzi yuko kaunta. Kasha la mbao au la plastiki laweza kuwa la dola chache, la fedha likawa la mamia. Ngozi iliyoandikwa vizuri kwa kawaida huanzia dola 40 hivi na kuendelea, na muuzaji ataifungua chini ya taa ili uione. Atauliza unataka mwandiko gani, kwa sababu Waashkenazi, Wayahudi wenye asili ya Ulaya ya Kati na Mashariki, na Wasefaradi, wenye asili ya Hispania, wana mitindo yao ya herufi. Atakuambia kama ilipitishwa kwenye kompyuta kutafuta herufi zilizokosekana, na kama kuna mtu aliyeikagua kwa macho. Kompyuta huhesabu vizuri, lakini umbo lenye utata huamuliwa na binadamu.

Hata hivyo, liko jambo ambalo si kompyuta wala jicho linaloweza kulithibitisha: kama mwandishi aliandika herufi kwa mfuatano, kama aliliandika jina la Mungu kwa nia inayotakiwa, na kama yeye mwenyewe ni mtu anayeshika amri. Kwa ngozi yenyewe huwezi kujua. Unachonunua, kwa kweli, ni neno la mtu. Kwa maoni yangu hii ndiyo sababu kubwa ya duka la mtaani kudumu wakati kila kitu kinapatikana kwa kuagiza mtandaoni. Muuzaji anamjua mwandishi au anamjua anayemjua, rabi wa mtaa anamjua muuzaji, na kosa likigundulika kuna mlango wa kurudi kugonga. Si kwamba maduka haya hayatikisiki: J. Levine, duka la familia lililojulikana sana Manhattan, lilifunga mlango wake mwaka 2019. Lakini karatasi iliyochapwa kwa mashine, ambayo wageni huuziwa kama mezuza kwenye vibanda vya watalii, haina thamani yoyote kidini, na asiye na wa kumuuliza hataligundua hilo.

Uhusiano huo hauishi siku ya kununua. Mezuza za nyumbani hukaguliwa mara mbili katika kila miaka saba, maana joto na unyevu hupasua wino. Watu huzibandua, huzipeleka dukani, na muuzaji huzifikisha kwa mkaguzi. Tefilini, vile visanduku viwili vyeusi vya ngozi vinavyofungwa mkononi na kichwani katika sala ya asubuhi, na ambavyo msomaji wa Biblia atakuwa amekutana navyo katika Mathayo 23:5, zinafuata kanuni hizohizo za uandishi, ila bei yake huwa mamia ya dola na mara nyingi hupita elfu.

Upande wa vitabu una mtego wake. Kitabu cha sala, sidur, hakinunuliwi kwa jalada. Kuna mapokeo ya sala ya Ashkenazi, ya Sefarad na ya jumuiya za Mashariki, na mpangilio wa maneno hutofautiana. Ukimnunulia rafiki sidur ya mapokeo mengine, atashukuru na kuiweka kabatini. Talmudi katika chapa iliyozoeleka ina kurasa 2,711 za pande mbili, na wapo maelfu wanaosoma ukurasa mmoja kila siku duniani kote, desturi iliyoanzishwa mwaka 1923 na Rabi Meir Shapiro, wanaomaliza mzunguko baada ya miaka saba na nusu hivi. Ukiwa dukani usikiweke kitabu kitakatifu kifudifudi, wala usiweke kingine cha kawaida juu ya Torati. Kikianguka, mwenyewe hukiokota na kukibusu.

Duka hufungwa Ijumaa mchana na kubaki hivyo hadi Sabato iishe Jumamosi usiku. Jumapili huwa na watu wengi. Kabla ya sikukuu ya Vibanda utawaona wanaume wakigeuzageuza etrogi, tunda la jamii ya limau, wengine wakiwa na kioo cha kukuzia, wakitafuta doa dogo jeusi ambalo likikaa mahali pabaya laweza kulifanya tunda lisifae kwa amri. Kabla ya Hanuka ni zamu ya taa. Taa ya Hanuka ina nafasi tisa, nane za siku za sikukuu na moja ya mshumaa wa kuwashia. Ile ya matawi saba ni mfano wa taa ya Hekalu, inapendeza mezani lakini haitumiki kuadhimisha Hanuka.

Afrika Mashariki nayo imo kwenye rafu hizi. Abayudaya, jumuiya iliyoanzishwa na Semei Kakungulu karibu na Mbale, Uganda, mwaka 1919, hufuma kipa, zile kofia ndogo za Kiyahudi, za rangi nyingi, na kofia hizo huuzwa Marekani na kuvaliwa katika masinagogi ya huko. Kwa upande mwingine, baadhi ya makanisa ya kilokole kwetu hupuliza shofa na kujifunika vazi la sala la Kiyahudi. Anayenunua kwa matumizi hayo atauziwa shofa bila maswali mengi. Ngozi ya mezuza ni habari nyingine: sheria ya Kiyahudi haipendi iondoke mikononi mwa watakaoitunza kwa masharti yake, kwa hiyo muuzaji anaweza kukataa kwa upole, na asichukuliwe kuwa mbaguzi.

Kwa asiye Myahudi aliyealikwa nyumbani kwa Myahudi, chaguo salama ni kikombe cha kubarikia divai, vinara viwili vya mishumaa ya Sabato, au kitambaa cha kufunika mikate. Kwa bar mitzva, sherehe ya kijana aliyefikisha miaka 13, kitabu kinafaa, mradi umeuliza kwanza mapokeo ya familia. Ukitoa fedha, toa kiasi kinachogawanyika kwa 18, yaani 18, 36, 54 au 180, kwa kuwa herufi za neno la Kiebrania lenye maana ya uhai hujumlishwa kuwa 18. Mweleze tu muuzaji unampelekea nani na kwa sherehe gani.