Vita vya Iraq, 2003: dhana potofu na ukweli kuhusu habari tulizoletewa

Dhana: Upendeleo wa vyombo vya habari ni kutangaza uongo.
Hapana. Sanamu ya Saddam Hussein, mtawala wa Iraq, kweli ilianguka Baghdad, Aprili 9, 2003, Marekani ilipoivamia nchi hiyo. Wairaq walianza kuigonga kwa nyundo, ikagoma, ndipo askari wa Marekani wakaivuta kwa gari lao la deraya la kukokotea vifaru. Kamera zilibana pale penye watu, ukadhani mji mzima umemiminika. Picha zilizopigwa kutoka mbali zinaonyesha sehemu kubwa ya uwanja wa Firdos ikiwa tupu. Hakuna aliyedanganya, ila picha ile ilirudiwa kutwa nzima huku mapigano yakiendelea kwingine.

Dhana: Gazeti lenye heshima haliwezi kutumiwa.
Septemba 8, 2002, New York Times liliandika ukurasa wa mbele kwamba Iraq inasaka mirija ya aluminiamu kwa ajili ya kurutubisha urani, hatua ya kutengeneza bomu la nyuklia. Habari yenyewe ilitoka kwa maofisa wa serikali ya Marekani wasiotajwa majina. Siku hiyohiyo Makamu wa Rais, Dick Cheney, akaketi kwenye televisheni na kulitaja gazeti hilo. Yaani serikali inanong'oneza, gazeti linachapa, kisha serikali inalinukuu gazeti! Uchunguzi wa baadaye ulionyesha mirija ile ilikuwa ya maroketi ya kawaida. Mei 26, 2004 wahariri walikiri kwamba hawakuwa makini vya kutosha. Vita vilikuwa na zaidi ya mwaka.

Dhana: Mwandishi aliye na jeshi vitani huona yote.
Huona kinachoonekana kutoka kwenye gari alilopanda. Anayelala na kula na askari hao, wanaomlinda, atawaandikaje?

Dhana: Watu wana akili zao, habari haziwabadilishi.
Mwaka 2003 watafiti wa PIPA, taasisi ya Marekani inayopima maoni ya watu kuhusu siasa za kimataifa, walipima imani tatu zisizo za kweli: kwamba silaha za maangamizi zimepatikana, kwamba uhusiano wa Saddam na al-Qaeda umethibitishwa, na kwamba dunia inaunga mkono vita. Kati ya waliotegemea televisheni ya Fox, asilimia 80 walikuwa na angalau moja. Kwa wafuasi wa redio na televisheni za umma, asilimia 23. Bila shaka wapo wanaochagua kituo kinachowaambia wanachopenda kusikia. Lakini tazama hili: walioamini zote tatu, asilimia 86 waliunga mkono vita. Wasioamini hata moja, asilimia 23 tu.