Kano la Kisigino Haliponi kwa Kukandwa

Kila mwaka mbio za marathoni za Nairobi zinapokaribia, benchi la kitengo chetu cha fiziotherapia hubadilika sura. Wagonjwa wa kiharusi na akina mama wenye maumivu ya mgongo hubanana na vijana waliovaa raba mpya, kila mmoja ameinama anajifinya nyuma ya kisigino. Wengi wao hawakuwa wakikimbia hapo kabla. Walijiandikisha kilomita 21 wakiwa ofisini, wakaingia msitu wa Karura Jumamosi iliyofuata, na baada ya wiki chache wakashindwa kushuka ngazi asubuhi. Si wakimbiaji peke yao. Tunawaona mafundi wa mjengo, makondakta wanaodandia matatu kutwa nzima, na watu wanaotoka Kibera kwa miguu hadi Industrial Area na kurudi, wamevaa viatu vilivyokwisha soli.

Kinachouma ni kano la Achilles, kano nene na lenye nguvu kuliko yote mwilini. Ndilo linaloishika misuli ya kigimbi kwenye mfupa wa kisigino, na mtu akikimbia linabeba mzigo unaozidi uzani wake mara sita au zaidi. Kati ya sentimita 2 na 6 juu ya mfupa huo damu hufika kwa uchache. Hapo ndipo kano huumia kwa urahisi, na hapo ndipo hupona kwa mwendo wa kobe.

Sababu kubwa ni mzigo kuongezeka upesi kuliko kano linavyoweza kuuzoea: kilomita nyingi kwa ghafla, milima, kasi, au kazi mpya ya kusimama. Hata viatu. Mwanamke aliyezoea visigino virefu Jumatatu hadi Ijumaa akishinda Jumamosi nzima sokoni na ndara bapa, kano lake huvutwa kwa namna lisiyoizoea. Umri wa miaka 30 kwenda juu, unene, kisukari na kolesteroli ya juu ya kurithi huongeza hatari.

Kuna sababu nyingine ambayo wagonjwa hawaitaji mpaka waulizwe: dawa za antibiotiki za jamii ya ciprofloxacin na levofloxacin. Tangu mwaka 2008 mamlaka ya dawa ya Marekani ilitaka dawa hizi ziwe na onyo la ngazi ya juu kabisa, kwa kuwa zinaweza kuumiza kano na hata kulikata. Hatari ni kubwa zaidi kwa waliopita miaka 60, waliopandikizwa figo, moyo au mapafu, na wanaotumia dawa za steroidi. Kwa sheria ya Kenya dawa hizi huuzwa kwa cheti cha daktari. Hata hivyo mtu anaingia duka la dawa mtaani, anasema "nipe ile ya mkojo", na anatoka nayo mfukoni. Ikiwa unaitumia na kisigino kimeanza kuuma, acha mazoezi na urudi siku hiyohiyo kwa daktari aamue kama utabadilishiwa. Ikiwa hakuna daktari aliyekuandikia, basi shida yako ilianza kabla ya kisigino.

Dalili zenyewe hazina siri. Asubuhi hatua za kwanza ni ngumu na zenye maumivu, kisha mguu unapopata joto unalegea. Unakimbia vizuri, unajisifu, na kesho yake maumivu yanarudi kwa nguvu zaidi. Ukilipapasa kano unakuta sehemu imevimba na inauma ukiifinya. Maumivu yakiwa sentimita chache juu ya kisigino, tatizo ni la katikati ya kano. Yakiwa palepale kano linaposhika mfupa, mahali kiatu kinapokwaruza, ni la kiungio chake, na matibabu hutofautiana kidogo. Maumivu ya chini ya kisigino, upande wa wayo, ni ugonjwa mwingine. Mtoto wa miaka 8 hadi 15 anayelalamikia kisigino baada ya kucheza mpira mara nyingi ana shida ya sehemu ya mfupa inayokua, si ya kano. Na kijana ambaye visigino vyote viwili vinamuuma, huku mgongo ukikaza kila asubuhi hadi atembeetembee, apimwe ugonjwa wa baridi yabisi ya uti wa mgongo.

Sasa tuzungumzie kukandwa. Mkandaji hukuambia mshipa umejikunja na unataka kunyooshwa. Hakuna mshipa uliojikunja, na hakuna wa kunyooshwa. Nyuzi za kano zimechoka na kupoteza mpangilio wake, na kidole gumba cha mkandaji hakizirudishi, hata akitumia mafuta ya aina gani. Tumepokea watu waliokandwa wiki nzima juu ya kano lililokwisha kukatika. Sindano ya steroidi ndani ya kano nayo hutuliza kwa muda, kisha huweza kulidhoofisha hadi likatike. Usiiombe. Vilevile usigombane na daktari kwa kuwa hakukuandikia eksirei: eksirei huonyesha mfupa. Kano huonekana kwa ultrasaundi au MRI, na wagonjwa wengi hawahitaji chochote kati ya hivyo, kwa kuwa maelezo yao na mikono ya mtaalamu vinatosha.

Tiba yenyewe ni mazoezi ya kulipa kano kazi, kidogo kidogo. Kulala kitandani mwezi mzima hulidhoofisha. Utaratibu unaojulikana zaidi ulichapishwa nchini Sweden mwaka 1998. Simama kwenye ukingo wa ngazi kwa vidole, jiinue kwa mguu usiouma, kisha ushuke taratibu kwa mguu unaouma hadi kisigino kipite chini ya ukingo. Mara 15, raundi tatu goti likiwa limenyooka, na raundi tatu likiwa limekunjwa kidogo. Hufanywa asubuhi na jioni, kila siku, kwa wiki 12. Hiyo ni mishuko 180 kwa siku. Mwenye maumivu ya kwenye kiungio afanyie sakafuni na asipitishe kisigino chini, maana huko kano hubanwa na mfupa. Maumivu ya wastani wakati wa zoezi yanaruhusiwa, mradi yasizidi 5 kwa kipimo cha 10 na yawe yametulia kufikia asubuhi. Yasipotulia, punguza. Kipande cha kuinua kisigino ndani ya kiatu husaidia kwa muda. Ibuprofen hutuliza kwa siku chache, ila si ya kila mtu: mwenye vidonda vya tumbo au shida ya figo asiiguse bila kuuliza. Baada ya miezi mitatu bila nafuu kuna tiba ya mawimbi ya mshtuko, na upasuaji kwa wachache. Anayefanya mazoezi siku nne akatuambia "hayafanyi kazi" tunamrudisha ngazini.

Hali moja haisubiri wiki 12. Ukisikia mlio nyuma ya mguu, ukageuka kutazama nani amekupiga teke na usione mtu, kano huenda limekatika. Usijipe moyo kwa sababu bado unaweza kutembea, kwani misuli mingine huusogeza wayo. Mtaalamu atakulaza kifudifudi na kukifinya kigimbi. Wayo usipoinama, kano limekatika. Fika hospitali siku hiyo. Hutibiwa kwa upasuaji, au kwa plasta na buti maalumu linaloushika wayo ukiwa umeelekea chini. Upasuaji hupunguza uwezekano wa kukatika tena, lakini una hatari ya kidonda kuambukizwa. Kurejea michezoni huchukua miezi 6 hadi 12. Anayechelewa wiki kadhaa hupunguza njia za kutibiwa.

Kuhusu utaratibu, kwa kuwa ndiyo maswali tunayoulizwa zaidi dirishani. Jisajili SHA, yaani bima ya afya ya serikali, kwa kupiga *147#, uje na kitambulisho. Anzia zahanati au kituo cha afya cha ngazi ya 2 au 3, ambako tiba bila kulazwa hulipiwa na mfuko wa afya ya msingi, kisha upewe barua ya rufaa. Barua iwe na tarehe, muhuri na jina la aliyekuhudumia. Isiyo na muhuri tutairudisha. Kwa upasuaji lazima michango iwe imelipwa. Aliye kwenye mshahara hukatwa asilimia 2.75, na asiye na mshahara hulipa ya mwaka, isiyopungua shilingi 300 kwa mwezi. Kusajiliwa si kulipa. Tunalisema hili kila siku.

Karatasi ya ruhusa ya ugonjwa hutiwa sahihi na daktari, si karani. Sheria ya Ajira ya 2007 humpa mfanyakazi aliyetimiza miezi miwili mfululizo siku zisizopungua saba za ugonjwa kwa mshahara kamili, kisha saba kwa nusu, katika kila miezi 12. Kughushi karatasi hiyo ni jinai, na Kanuni ya Adhabu inataja kifungo cha hadi miaka mitatu. Aliyeumia kwa ajali kazini amjulishe mwajiri mara moja. Mwajiri ana siku saba za kumwarifu Mkurugenzi wa usalama na afya kazini, na dai la fidia huwasilishwa ndani ya miezi 12. Mjulishe kwa maandishi na ubaki na nakala.

Siku ya kliniki njoo na dawa zote unazotumia, hata ulizonunua mwenyewe, pamoja na viatu unavyovaa kila siku. Tunataka kuona soli ilivyoliwa. Vile vipya vya kumpendeza daktari viache nyumbani.