Jinamizi: Akili Imeamka, Mwili Bado Umefungwa

Mtu anazinduka saa kumi na nusu alfajiri. Anaiona dari, anauona mkunjo wa chandarua, anamsikia mwenzake akikoroma pembeni. Anataka kugeuka lakini mwili haumtii, anataka kuita lakini sauti haitoki. Ndipo anapohisi kuna mtu chumbani: kwanza mlangoni, kisha kando ya kitanda, kisha juu ya kifua chake, na uzito ule unamkaba mpaka anadhani roho inamtoka. Baada ya sekunde kadhaa, au dakika moja mbili ambazo yeye huziona kama saa nzima, kidole kinacheza, mkono unafuata, na mara anajikuta ameketi, jasho linamtiririka na chumba ni kitupu.

Watu wetu husema amekabwa na jinamizi. Wataalamu wa usingizi huiita hali hii kupooza usingizini, lakini sioni sababu ya kuliacha neno la wazee, kwa kuwa linataja barabara kile kinachomsibu mgonjwa. Naomba tu lisichanganywe na ndoto mbaya ya kawaida, ambayo mtu huamka nayo akiwa na hofu lakini miguu yake ikiwa huru.

Usingizi wa usiku hupita katika mizunguko ya takriban dakika 90, na kila mzunguko kwa kawaida huwa na kipindi ambacho macho huchezacheza kwa kasi chini ya kope. Kipindi hicho, kilichoelezwa mwaka 1953 na Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago, ndicho chenye ndoto zilizo wazi zaidi, na hurefuka kadiri kunavyokaribia kucha. Wakati ndoto inaendelea, shina la ubongo hutuma amri kupitia uti wa mgongo ya kuilegeza misuli ya mikono, miguu na kiwiliwili, huku macho yakiachwa huru na kiwambo kilicho chini ya mapafu kikiendelea na kazi ya kupumua.

Kulegezwa huko ni kama kufuli la mwili, na kufuli hilo lina faida kubwa. Michel Jouvet, aliyefanya utafiti wake mjini Lyon, Ufaransa, aliharibu sehemu ndogo ya shina la ubongo wa paka, na paka hao, wakiwa bado usingizini, wakawa wanainuka na kunyatia mawindo yasiyokuwepo. Mwaka 1986 Carlos Schenck na Mark Mahowald wa Marekani walieleza hali kama hiyo kwa binadamu: watu, wengi wao wanaume wa makamo na wazee, waliokuwa wakirusha ngumi na mateke usingizini kwa kufuata ndoto zao. Ikiwa ni lazima kuchagua, bora kufuli kuliko ngumi.

Anayekabwa na jinamizi ni mtu ambaye kufuli lake limechelewa kufunguka. Akili imeamka na macho yanaona chumba halisi, lakini ndoto haijakatika, kwa hiyo inamwaga watu wake ndani ya chumba hicho. Hata uzito wa kifuani una maelezo: misuli ya katikati ya mbavu imelegea, na mtu anapojaribu kuvuta pumzi ndefu kwa nguvu anashindwa, hapo ubongo uliojaa hofu unapata tafsiri moja tu, kwamba kuna aliyemkalia. Pumzi haikatiki. Nalisema hili kwa mkazo kwa sababu wengi wanaokuja kwetu huwa wameshaamini kwamba siku moja hawataamka.

Mapitio ya tafiti yaliyochapishwa mwaka 2011 yalikadiria kuwa karibu asilimia 8 ya watu hukumbwa na hali hii angalau mara moja maishani, na kwa wanafunzi kiwango kilifika kama asilimia 28, jambo ambalo halimshangazi yeyote aliyewahi kukesha akisomea mtihani. Wajapani huiita kanashibari, yaani kufungwa kwa chuma, na katika kisiwa cha Newfoundland nchini Kanada husemwa kwamba ajuza ndiye anayekaa kifuani.

Kwetu, mfano unaostahili kutafakariwa ni ule wa Popobawa, zimwi la Zanzibar linalosemekana kuwavamia watu usiku. Mapema mwaka 1995 hofu ilienea Pemba kisha Unguja, watu wakisimulia kuamka usiku wakiwa wamekandamizwa na kitu wasichoweza kukisukuma. Sisemi kwamba jinamizi linaeleza yote, maana ulikuwa mwaka wa uchaguzi wa vyama vingi na uvumi ulikuwa na mbolea ya kutosha. Hata hivyo, baadhi ya watafiti wameona katika simulizi hizo dalili zilezile za kupooza usingizini, na kinga iliyotumika, ya familia nzima kutoka nje na kukesha pamoja uani, kwa maoni yangu iliweza kulilisha tatizo lenyewe, kwa kuwa mtu aliyenyimwa usingizi ndiye jinamizi humwandama. Uchungu zaidi ni kwamba mtu mmoja mwenye maradhi ya akili aliuawa na umati uliomdhania kuwa ndiye Popobawa.

Kwa hiyo dawa ya kwanza ni usingizi wenyewe: saa 7 au zaidi kwa mtu mzima, kwa muda ulio sawa kila siku, jambo gumu kwa walinzi, wauguzi na wengine wa zamu za usiku, lakini hata wao wanaweza kutia giza chumba mchana na kuzima simu. Kulala chali huongeza uwezekano wa kukabwa, basi mtu alale ubavu. Akishakabwa, asipigane na mwili mzima. Apumue taratibu, azungushe macho, na aelekeze nguvu zake kwenye kidole kimoja cha mguu au cha mkono. Mwenye kusoma dua moyoni asome, kwani utulivu unaopatikana ndio unaotakiwa. Aliye karibu anaweza kumgusa bega na kumwita jina.

Kukabwa mara moja moja hakuhitaji matibabu. Anayepaswa kumwona daktari ni yule anayekabwa kila mara, anayeanza kuogopa kitanda, anayesinzia mchana katikati ya mazungumzo, au ambaye magoti humlegea anapocheka. Dalili hizo mbili za mwisho zaweza kuonyesha ugonjwa wa usingizi uitwao nakolepsi, ambao una matibabu yake. Aje na daftari aliloandika muda wa kulala na kuamka kwa wiki mbili, na ikiwezekana aje na anayelala naye chumba kimoja, maana mkoromaji hajisikii.