Sultan Khan: bingwa aliyeanza na askari wa hatua moja

Watoto ninaowafundisha sataranji kila Jumamosi wana swali lao wasiloliacha: "Kocha, nikariri ufunguzi wa aina ngapi ndiyo niwe bingwa?" Simu zao zimejaa video za ufunguzi. Mmoja anaweza kukutajia hatua kumi na tano za mwanzo bila kupepesa jicho, ya kumi na sita akaweka malkia mdomoni mwa askofu. Zamani nilikuwa nawajibu kwa mahubiri. Siku hizi nafungua ubao nawaonyesha mchezo wa Mir Sultan Khan.

Sultan ni jina lake tu, usije ukamdhania mtu wa kasri. Alizaliwa mwaka 1903 Mitha Tiwana, kijiji cha Punjab, sehemu ambayo leo ni Pakistan. Baba yake alimfundisha kucheza akiwa na miaka 9 hivi. Ila alichofundishwa ni sataranji ya Kihindi, na hapo ndipo kisa kizima kilipo.

Neno letu lenyewe, sataranji, lina asili ya huko: Wahindi walisema chaturanga, Waajemi na Waarabu wakalifanya shatranj, nasi tukalipokea. Ulaya ilipozibadilisha sheria za mchezo, India haikufuata zote. Katika sataranji aliyokulia Sultan Khan, askari hana ruhusa ya kuruka nyumba mbili mwanzoni. Ni hatua moja moja tu. Akifika mwisho wa ubao hageuki malkia kwa kupenda kwako, anageuka kete ya safu ile aliyofikia: safu ya farasi, farasi, safu ya ngome, ngome. Mfalme naye hajifichi pembeni pamoja na ngome kama tunavyofanya sisi. Ana ruhusa ya kuruka mara moja kama farasi, basi.

Ukicheza hivyo, vita haviji haraka. Kila upande unajijenga polepole, na anayeshinda ni yule anayejua kete yake ikae wapi. Kumshambulia mtu hatua ya nane hakuna. Subira iliyoshindilia miaka mingi hivyo haitoki mwilini, hata sheria zikibadilika.

Aliyemtoa kijijini ni Sir Umar Hayat Khan, mwenye ardhi mkubwa wa Punjab, aliyemchukua nyumbani kwake na kumtafutia walimu wa sheria za Ulaya. Mwaka 1928 Sultan Khan akachukua ubingwa wa India yote, kashinda michezo minane, sare moja. Mwaka uliofuata Sir Umar akasafiri naye hadi London. Mashindano madogo aliyowekewa huko ya kumpasha moto yalimtoa aibu, akamaliza mkiani. Kisha wakaenda Ramsgate kwenye ubingwa wa Uingereza wa 1929, na yule wa mkiani akaondoka na kombe. Alilichukua tena 1932 na 1933.

Sasa ubao. Hastings, mji wa Uingereza, mashindano ya mwisho wa 1930 na mwanzo wa 1931. Mbele yake ameketi José Raúl Capablanca wa Cuba, bingwa wa dunia kuanzia 1921 hadi 1927, mtu ambaye kati ya 1916 na 1924 hakufungwa mchezo hata mmoja wa mashindano. Sultan Khan ana kete nyeupe. Hatua ya tano anamsogeza askari wa pembeni kabisa, safu ya a, nyumba moja tu. Watoto wangu hucheka hapo: "Kocha, huyo si anapoteza muda?" Basi mwendo ule wa askari wa nyumba moja ulikuja kuwa ufunguzi wenye heshima, Petrosian, bingwa wa dunia wa miaka ya 1960, aliutumia, na miaka ya 1980 bingwa mwingine wa dunia, Kasparov, akawatesa watu nao.

Hatua ya 21 Capablanca anashusha ngome hadi mstari wa mwisho na kumpa mfalme shahi, yaani kumtishia kumla. Mfalme mweupe hakimbii, anapanda hatua moja mbele. Ngome ya pili inashuka, shahi tena. Sultan Khan anaila kwa malkia, malkia naye analiwa, mfalme anamla aliyemla. Ukihesabu, katoa malkia, kapata ngome mbili. Kwenye uwanja wazi malkia angewasumbua sana weupe kwa shahi za huku na huku. Lakini askari wa katikati wamekwishafungana pua kwa pua, milango imefungwa. Malkia wa Capablanca anazunguka kama mtu aliyesahau ufunguo ndani, na zile ngome mbili zinajipanga taratibu, hazina haraka na mtu. Hatua ya 65 Capablanca akasalimu. Baadaye aliandika juu yake akitumia neno la kipaji kisicho cha kawaida, na Capablanca hakuwa mtu wa kugawa sifa bure.

Pale Hastings alimaliza wa tatu nyuma ya Euwe wa Uholanzi na huyo huyo Capablanca. Prague 1931, kwenye Olimpiadi ya sataranji, mashindano ya timu za mataifa, alikaa meza ya kwanza ya Uingereza akawafunga magwiji Flohr na Rubinstein, na Alekhine, bingwa wa dunia wa wakati ule, akatoka naye sare. Haya yote na homa za malaria zikimrudia, na baridi ya Uingereza ikimshika koo.

Kuna kisa alichoandika Reuben Fine, mchezaji wa Marekani, kwamba timu yao ilialikwa chakula kwa Sir Umar mwaka 1933, na aliyewapakulia mezani alikuwa Sultan Khan. Ukoo wake unakataa kuwa alikuwa mtumishi. Mimi kinachonikera ni jinsi waandishi wa kigeni wanavyoanza na sahani kabla ya kutaja mchezo hata mmoja. Nyumba ile ile, kwa taarifa yako, ilikuwa pia na Fatima, aliyechukua ubingwa wa wanawake wa Uingereza mwaka huo huo wa 1933. Yeye ndiye husahaulika kabisa.

Mwisho wa 1933 walirudi India. Mwaka 1935 akamfunga Khadilkar, mchezaji wa India, pointi 9½ kwa ½, kisha akarudi shambani kwake. Alifariki 1966 kwa kifua kikuu. FIDE, shirikisho la sataranji la dunia, ilipoanza kutoa cheo cha grandimasta, cheo cha juu kabisa cha mchezaji, mwaka 1950, Rubinstein alipewa ingawa alikuwa ameacha kucheza miaka mingi. Sultan Khan alipewa cheo cha heshima Februari 2024.

Mwezi uliopita niliwachezesha watoto kwa sheria zake. Hatua ishirini zilipita, kete zilizoliwa ni mbili. Mmoja akafikisha askari wake safu ya farasi, akanyoosha mkono kuchukua malkia, wenzake wote wakapiga kelele. Akapewa farasi, akanuna. Wazazi walipokuja kuwachukua, mchezo ulikuwa bado, ikabidi niupige picha wauendeleze Jumamosi.