Kaktasi okidi ni mmea gani, na kwa nini huku Kigoma mmea huu unaoza

Mtu akisikia kaktasi anawaza jangwa tu, jua kali, miiba, mmea unaokaa miezi bila tone la maji. Sasa kaktasi okidi siyo hiyo kabisa. Kwao ni misitu ya joto yenye unyevu, kuanzia Mexico kushuka Amerika ya Kati mpaka Amerika ya Kusini, na humo msituni mara nyingi haioti hata ardhini, inaota juu ya miti, kwenye panda za matawi ambako majani makavu yamejikusanya yakaoza. Mimea ya hivyo inaitwa epifaiti, yaani imepanda juu ya mti kukaa tu, chakula cha mti haigusi, kwa hiyo usije ukaiita kimelea. Okidi nyingi nazo zinaishi maisha hayohayo ila kiukoo hazina undugu nayo, jina imelipata kwa uzuri wa maua.

Kitaalamu ni Epiphyllum. Yale marefu bapa unayodhani ni majani kumbe ni shina, ndo maana ua linachomoza pembeni mwa "jani". Ile maarufu, Epiphyllum oxypetalum, inafungua ua kubwa jeupe usiku, linanukia balaa, kukicha limeshanywea. Zenye maua mekundu au ya pinki yanayokaa wazi mchana, nyingi ni machotara. Na usidhani haya mambo ni ya mbali sana na sisi, kuna ndugu yake anaitwa Rhipsalis baccifera anaota mwenyewe kwenye misitu ya Afrika, Tanzania ikiwemo, ananing'inia mitini vilevile, na ndo kaktasi pekee inayojulikana kuwa ya asili nje ya mabara ya Amerika.

Haya, maji. Hapo ndo vifo vingi vinatokea.

Fikiria mvua inanyesha kule juu ya mti, mizizi inalowa chapachapa, dakika chache maji yote yameshateremka, inabaki hewa yenye unyevu tu. Kwa hiyo hii mizizi imezoea kulowa na kupumua, kulowa na kupumua. Unyevu wa hewani inaupenda, maji yaliyotuama haiyawezi, na hivi ni vitu viwili tofauti ambavyo watu wanavichanganya kila siku. Kigoma mvua zinaanza kama Oktoba au Novemba mpaka kwenye Aprili au Mei, ziwa hilo hapo, hewa yenyewe nzito, halafu mtu kapanda kwenye ndoo ya rangi yenye katundu kamoja chini, kajaza udongo wa uani unaoshikana, kaiweka chini ya bati ambako maji yote ya paa yanamwagikia humohumo, na jioni bado anapita na jagi maana kazoea. Udongo ukishajaa maji oksijeni haiingii, mizizi inakufa, kuvu wanamalizia.

Kibaya zaidi ni kwamba mmea wenye mizizi iliyooza unaonekana una kiu. Shina linalegea, linakunjamana, linakuwa jembamba, mwenyewe anaona huruma anaongeza maji. Ndo keshaumaliza hivyo. Kabla hujamwagilia, chomeka kidole kwenye udongo mpaka pingili ya pili, inua na kopo usikie uzito wake. Shina limesinyaa na udongo mkavu, hiyo ni kiu kweli, mwagilia mpaka maji yatoke chini. Shina limesinyaa na udongo umelowa, tena ukinusa unanuka uvundo, huo ni uozo, acha maji mara moja.

Ratiba ya Jumatatu na Alhamisi kwa hii mimea mimi siikubali. Masika inaweza ikapita wiki mbili hujaigusa, kiangazi cha Juni mpaka Septemba kidole ndo kitakuambia, maana udongo unakauka haraka na hii siyo ya jangwani, usiiache ikakauka kabisa wiki nzima.

Udongo wenyewe uwe wa chengachenga, mboji ya majani iliyoiva, chenga za mkaa, vipande vya magome. Kigoma hii maganda ya mise, yaani kokwa za michikichi, yapo kibao, magumu, hayaozi upesi, ila yaoshe kwanza mafuta yatoke la sivyo unaita siafu. Kopo litobolewe matundu mengi na lisiwe kubwa sana, ikibanana kidogo ndo inatoa maua vizuri. Kisahani chini kitoe, maji yakikaa pale mizizi inaoza na mbu wanazaliana. Jua la asubuhi sawa, la saa saba linaiunguza, chini ya mwembe panaifaa sana. Mbolea kidogo tu, ukikazana na urea utavuna mashina marefu bila ua hata moja.

Ikishaoza chini usihangaike na mizizi. Kata juu kabisa palipo kijani na kigumu, kipande cha urefu wa kiganja hivi, weka alama upande uliokuwa chini maana ukikigeuza kitakusumbua, kilaze kivulini kama wiki mpaka kidonda kikauke, ndo ukichomeke kina cha vidole viwili kwenye mchanganyiko wenye unyevunyevu tu, na maji ya kumwagilia yasubiri mpaka kishike.